Bibi Alipoyafungia Masufuria ya Mji

Ninaikumbuka Ijumaa moja, mwanangu, kama vile naiona, na kila nikiikumbuka kifua hunijaa. Wewe kesho unakwenda Dar es Salaam kukaa na wenzio mtunge sheria ya uchaguzi wa nchi nzima: mgombea atumie fedha kiasi gani, azipate wapi, awape watu nini na asiwape nini. Umekuja kuniaga, nami nimefurahi. Lakini usinitazame hivyo, kama mtu anayengoja dua apate kuondoka. Dua utaipata. Kaa kwanza nikwambie namna sheria hiyo ilivyokwisha kutungwa hapa Bweni, na walioitunga hawakujua hata kushika kalamu.

Zama hizo zilikuwa za Mdachi, yaani Mjerumani. Mimi nilikuwa msichana mkubwa, nimekwisha kuposwa. Kila mji ulikuwa na jumbe wake, na juu ya majumbe wote alikuwapo akida, mtu wa serikali. Akida akitaka watu wa kazi humwagiza jumbe, na jumbe ndiye anayesema nani aende na nani abaki. Kwa hiyo jumbe hakuwa mtu wa kuvaa joho tu na kukalishwa mbele kwenye maulidi. Kaka yangu Makame, ambaye kwa mama yangu ndiye mwanamume pekee, alipelekwa kubeba mawe kule Ras Mkumbi wakati wa kupanda mpunga. Alirudi anakohoa, na shamba letu mwaka ule likawa majani matupu. Jumbe wa zamani alipofariki, nilitaka kwa roho yangu yote baba ashike nafasi ile, ili Makame asichukuliwe tena.

Baba alikuwa fundi wa kusokota kamba za makumbi, mtu wa maneno machache. Aliyeshindana naye alikuwa Bwana Hemedi, mwenye mashamba makubwa ya minazi, ambaye babu yake alitoka Omani. Usije ukadhani alikuwa mtu mbaya. Alikuwa mcheshi, anasoma na kuandika, na akida alikuwa akimwita kwa jina lake. Sisi wa nyumba ya kamba akida hakutujua hata kwa sura.

Sasa sikiliza neno letu la siku hizo. Hatukusema mtu kachaguliwa jumbe. Tulisema kala ujumbe. Na kabla hajaula, ada ilimtaka awalishe watu kwanza, mpaka waseme wenyewe kwamba wameshiba. Bwana Hemedi alianza mapema. Kila Ijumaa baada ya sala alichinja ng'ombe, pilau ikapakuliwa kwenye masinia, na watu wakarudi majumbani wakinusa vidole vyao. Nami nilikula, tena nilikula vizuri. Lakini nilianza kuwasikia wanaume wakisema, "Bwana yule katulisha, tutamwambia nini?" Maneno yale yalinichoma, kwa sababu hakuna aliyesema Hemedi anafaa. Walisema katulisha tu.

Nilikuwa na mtamba wangu, aliyeachwa na marehemu mama kwa ajili ya harusi yangu. Siku moja tumekaa ufukoni wanawake, tunapiga makumbi yaliyofukuliwa kwenye mchanga, nikasema kwa sauti ili wote wasikie kwamba mtamba wangu achinjwe, baba naye alishe mji. Nilidhani nitasifiwa. Bibi yangu, mama yake baba, akaweka chini gongo lake la kupigia makumbi.

"Wewe mjinga wa wapi?" akaniuliza. "Hemedi kachinja ng'ombe, nawe uchinje mtamba. Juma lijalo yeye achinje wawili. Baba yako atauza nini, akuuze wewe? Na huyo atakayeshinda, hivyo alivyovitoa atavirudisha kutoka wapi, kama si migongoni mwa watu hawa hawa? Tunasema mtu kala ujumbe. Ujumbe una nyama gani? Anayeliwa ni sisi!"

Mimi uso ulinishuka, nikawa natazama makumbi yangu. Bibi hakusema tena, lakini nilimjua. Akinyamaza vile, huwa kuna jambo analipika.

Na kweli, mambo yalikuwa ya kupika. Bwana Hemedi alikuwa na ng'ombe, alikuwa na mchele na samli. Alichokuwa hana ni masufuria. Masufuria makubwa ya shaba, yanayoweza kupikia mji mzima, yalikuwa wakfu. Wazee wa kale waliyatoa kwa ajili ya harusi, maziko na maulidi, ya tajiri na ya maskini sawasawa. Yalikaa kwenye chumba nyuma ya msikiti, na ufunguo ulikuwa kiunoni kwa bibi yangu, maana yeye ndiye aliyekuwa mkuu wa jiko la mji. Wanaume walikuwa na baraza lao, wakikohoa, wakipokezana tambuu na kuamua mambo. Sisi hatukuitwa. Lakini niambie ni nani kati yao aliyejua kuivisha wali wa watu wote.

Ijumaa ile ninayokuhadithia, vijana wa Bwana Hemedi walikuja kuchukua masufuria kama Ijumaa zote, wakarudi mikono mitupu. Akaja mwenyewe, kanzu yake imepigwa pasi, nasi wanawake tumekaa mbele ya mlango na bibi katikati yetu.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba. Hujambo?"

"Sijambo. Nasikia umekataa ufunguo. Nimekukosea nini?"

"Hujanikosea. Nani kafa?"

"Hajafa mtu."

"Nani anaoa?"

Hemedi akacheka kidogo. "Mama, unajua ninachokifanya. Hii si hongo, mama, Mungu apishe mbali. Ni takrima tu."

Hapo bibi yangu alisimama. Alikuwa mfupi, mwanangu, hata begani hakumfika, lakini siku ile mimi nilimwona mrefu. Akasema, "Takrima anafanyiwa mgeni. Sisi tumekuwa wageni hapa Bweni tangu lini? Mimi ndiye niliyekupokea ulipozaliwa, Hemedi. Mji huu ni wetu, nawe ni wetu. Mtu hawezi kutukaribisha nyumbani kwetu wenyewe."

Mtu mwingine angetukana. Bwana Hemedi hakutukana, na baba, aliyekwisha kusikia zogo, akaja akasimama mbali kidogo. Bibi akamwita na yeye, wala hakumpunguzia kwa kuwa ni mwanawe.

"Nanyi sikilizeni wote wawili. Anayetaka ujumbe asitie hata chumvi katika chungu cha mji. Kila nyumba italeta mchele wake na nazi yake, kadiri ilivyojaliwa. Tutapika sisi. Nyinyi wawili mtakaa mkeka mmoja, mle sinia moja, na mji uwatazame. Mkimaliza, watu waseme wanayemtaka. Hamtaki, ufunguo huu nautupa kisimani, na harusi zenu mtazipikia kwenye vifuu vya nazi."

Wazee wa baraza walinung'unika, wakasema mila inavunjwa. Imamu akawauliza kama wakfu ni wa mji au ni wa mtu mmoja, wakakubali kwamba ni wa mji. Basi nyumba zikaleta. Mjane mmoja jirani yetu alileta nusu ya nazi, akaiweka kwenye kapu kichwa juu, kama aliyeleta ng'ombe. Tulipika, jamani! Na baba na Bwana Hemedi wakala sinia moja, kila mmoja akimsogezea mwenzake mnofu kwa aibu, nasi jikoni tunakufa kwa kicheko.

Halafu wazee wa nyumba wakasimama, kila mmoja akaenda upande wa amtakaye. Baba akashindwa.

Ndiyo, akashindwa. Ulidhani nitakwambia vingine? Walisema Hemedi anajua kusoma na anaweza kusema na akida bila kutetemeka, na walisema kweli. Baba ndiye aliyekuwa wa kwanza kumpa mkono. Mimi nilikwenda nyuma ya jiko nikalia, nikimfikiria Makame na kifua chake. Nilimwona bibi ametuponza kwa hekima zake.

Msimu wa kupanda ulipofika, akida akaagiza watu wa kutengeneza njia. Jumbe Hemedi akawaita wanaume barazani. Mimi nilikuwa kisimani, pembeni mwa msikiti, nasikia kila neno. Akasema kazi ya serikali itakwenda kwa zamu, na hilo hakuna aliyelipinga. Kisha akasafisha koo, akasema na mashamba yake yanahitaji kupaliliwa, kwa hiyo fulani na fulani waende huko, na Makame mmojawapo.

Makame akasimama. Alikohoa kwanza, maskini, kisha akasema kwa adabu, "Bwana Jumbe, ya serikali tutakwenda. Ya shamba lako tutakwenda kwa lipi? Tulikula nini chako?"

Mimi kule kisimani kamba ya ndoo niliiachia. Ng'ombe wa zile Ijumaa za mwanzo walikwisha kusahauliwa, maana karamu ya mwisho, ile iliyomweka pale, ilikuwa yetu, na yeye ndiye aliyekula. Hemedi alimtazama Makame, akatazama wale wazee wote, kisha akacheka cheko lake lile.

"Wallahi, hamkula," akasema. "Kapandeni mpunga wenu."

Akamwendea na akida, akamwomba njia ingoje mpaka mbegu ziwe ardhini, na akasikilizwa. Nilimtazama baba jioni ile, nikamuuliza kama bado anaumia kwa kushindwa. Akaniambia, "Kumbe huyu ndiye jumbe niliyekuwa namtaka." Sijapata kujivunia mtu kama nilivyojivunia baba yangu siku ile, na mji wangu, na kile kibibi kifupi chenye ufunguo kiunoni.

Basi, mwanangu, ukifika huko, watakwambia takrima ni utu wetu, ni ukarimu wa Kiafrika. Waulize mgeni ni nani. Gharama za kuchagua zibebwe na wanaochagua, kila mtu kwa kadiri yake, na mwenye nusu ya nazi ahesabiwe mwenye mji. Anayetaka cheo asitie chake, awe tajiri au awe baba yako mzazi. Na usiitunge sheria kwa kumtazama unayempenda ashinde. Itunge ili hata akishinda usiyempenda, mtu anayekohoa aweze kusimama mbele yake na kumuuliza.

Nenda sasa. Mungu akufikishe salama, akujaalie ulimi usiolipiwa na mtu, na akurudishe kwetu siku moja uweze kututazama machoni. Amin.