Mgeni wa Kwenye Maswali

Shemeji alikuja na begi dogo, akasema anapita tu. Begi lilikuwa dogo kweli. Kupita ndiko kulikokuwa kurefu. Alipewa chumba cha nyuma, ambamo Mwalimu, mke wa mdogo wake, alikuwa akiandikia, na meza ya kuandikia ikahamishiwa jikoni, kando ya gunia la mkaa.

Mwalimu alikuwa akitunga maswali ya kitabu cha hesabu. Sura iliyobaki ilikuwa ya kutolingana, yale maswali ya "isizidi" na "isipungue" yanayowatoa wanafunzi jasho. Mhariri alimpigia simu kila kukicha. Lakini utatungaje swali na shemeji amekaa mbele yako anakusimulia habari za basi lililoharibika kabla hujazaliwa?

"Mwambie kaka yako arudi kwake," alimwambia mumewe, fundi wa kuchomelea vyuma, mwanamume asiyeogopa cheche wala moto, ila ndugu zake.

"Nimwambieje mtu mzima yule? Na wewe ukimtamkia neno tu, umeniumbua."

Haya, neno hakulitamka. Ila ukimziba mwalimu mdomo, mnyang'anye na kalamu. Asubuhi ile ile maji yalipoisha tena bafuni, aliandika swali na kumsogezea shemeji.

"Hebu nijaribie hili, shemeji. Nione kama linaeleweka."

Shemeji alivaa miwani, akasoma kwa sauti: "Tangi lina lita mia mbili. Mama anahitaji lita mia moja na sitini za kupikia na kufulia. Mgeni anaoga kwa ndoo za lita kumi. Anaruhusiwa ndoo ngapi?"

Akaandika: 10x + 160 ≤ 200. Akakokotoa ulimi ukiwa nje.

"Zisizidi nne! Na huyo mgeni anaoga ngapi?"

"Saba," alisema Mwalimu, akimkazia macho.

"Saba! Ana magamba? Watu wengine hawana haya, shemeji, nakwambia." Akacheka mpaka miwani ikaanguka.

Mwalimu alitamani kulia. Akatunga jingine, safari hii bila kuzunguka: mwandishi ana saa nne, anataka zisizopungua tatu za kuandika, na mgeni wake anapiga hadithi za nusu saa. Hadithi zisizidi ngapi?

"Mbili," alisema shemeji upesi. "Sasa, kama nilivyokuwa nakwambia, lile basi..."

Ilikuwa hadithi ya tatu tangu chai. Akaliangalia swali, akamwangalia Mwalimu, akavua miwani taratibu na kwenda chumbani. Aliporudi alikuwa na begi mkononi.

Mwalimu alikuwa ameshinda.

"Na mimi nina swali langu," alisema shemeji, akisimama mlangoni. "Labda litakufaa kitabuni. Mzee mmoja amefiwa na mkewe. Anakaa peke yake. Watu anaoongea nao kwa siku ni x, na x ni ndogo kuliko moja. Ni wangapi?"

Mwalimu alijua habari za msiba ule. Mazikoni alikwenda, akalia na wenzake, akarudi nyumbani kwake. Siku za baada ya hapo hakuwahi kuziwazia hata kidogo. Aliona aibu.

"Sifuri," alisema.

"Umepata."

"Swali baya hilo. Siwezi kuwapa watoto."

"Limekosewa wapi?"

"Hapo kwenye x. Andika isipungue mbili. Mimi na mdogo wako." Akavuta kiti kwa mguu. "Tua begi, shemeji."

Shemeji alilitua, akakaa, akajifuta uso kwa kiganja. Kisha, kwa kuwa alikuwa amekatizwa, akalianza lile basi upya tangu kituoni.