Fintan Ahern na Vibao vya Kilimani

Fintan Ahern, mhandisi wa manispaa, ndiye aliyetupa namba za milango huku vilimani mjini Cork, Ireland, na nitagombana na yeyote atakayempunguzia sifa.

Kabla yake tulielekezana kwa vitu vilivyokwisha kufa. Pita ilipokuwa bekari ya Hegarty, kata kona penye mti uliokatwa, uliza Lourdes. Na mtaa wetu ulikuwa na nyumba nne zinazoitwa Lourdes, kwa jina la mahali alipotokea Bikira Maria! Watu wa posta walikiona cha moto. Fintan akapanda na kushuka na kamba yake ya kupimia, akatoa kanuni: hesabu inaanzia mtoni, witiri kushoto, shufwa kulia, basi. Kisha akabisha hodi mlango kwa mlango, kibao mkononi, bisibisi mfukoni.

"Nyumba yangu ina jina takatifu," alifoka Mama Twomey, jirani yetu mjane. "Unataka niitwe kumi na tisa kama mfungwa?"

"Mama, jina libaki. Namba ni ya mgeni tu."

"Mgeni gani? Wote wananijua!"

Tukambandika jina la Bwana Namba. Naye anacheka huku anakaza skrubu. Jamani, nilimpenda yule mtu!

Jumapili moja, watu ndio wametoka misa, Fintan huyo kaingia kwangu mbio, kiatu mguu mmoja, maana simu ya mtaa mzima ilikuwa yangu. Mkewe Gobnait, tuliyepakana naye ukuta, ameshikwa na uchungu kabla ya siku zake. Mkunga wetu alikuwa amestaafu, na huyu mpya ndio kwanza amefika kutoka Donegal, mbali kaskazini.

"Njoo haraka!" Fintan alipiga kelele kwenye simu, akataja barabara yetu.

"Wapi hapo?" Sauti ya mkunga niliisikia hadi nilipo. "Namba ngapi?"

Fintan akakodoa macho. Halafu, Mungu wangu: "Ukipita ilipokuwa bekari ya Hegarty..."

"Ilipokuwa? Bwana wee, mimi mgeni hapa!"

"Ile iliyoungua! Halafu mti, haupo, lakini..."

Nami ningesema nini? Namba yangu mwenyewe sikuwahi kuisoma. Nilicheka huku naogopa. Ndipo ukuta ukapasuka kwa sauti ya Gobnait:

"KUMI NA SABA, mpumbavu wee! Kumi na saba!"

Mkunga alisikia bila kuambiwa na mtu. Akaja na baiskeli, anahesabu milango kutoka mtoni, akaingia moja kwa moja. Mtoto alikuwa amezungukwa na kamba ya kitovu shingoni. Angechelewa kidogo tu, mkunga alisema, tungekuwa tunamzika.

Kilio cha mtoto kiliposikika, Fintan alitoka, akasimama mbele ya mlango wake, akaisoma namba kwa sauti kama mtoto wa darasa la kwanza, machozi yanamtiririka. Barabara nzima ikamwitikia.