Nilipojibu Simu kwa Sauti ya Imakulata

Siku yangu ya kwanza kazini, mapema mwaka 1990, Shefu wa Mapokezi alinikalisha mbele ya swichibodi na kunikataza kugusa kitu.

"Leo unasikiliza tu," alisema. "Sikiliza Imakulata. Ukiweza kusema kama yeye, kazi iko yako."

Hoteli yetu ilikuwa katikati ya Kigali, juu ya mteremko unaoshuka Muhima. Ninyi mnaotembea na simu mfukoni hamkuiona swichibodi. Ilikuwa kama kabati la mbao, usoni ina safu za matundu, kila chumba na tundu lake, na chini yake kamba zenye ncha za shaba. Mgeni akiinua simu chumbani, kitaa kinawaka. Unachomeka kamba, unamuuliza anamtaka nani, kisha unachomeka kamba ya pili kwenye laini ya huyo anayetafutwa. Wakishaanza kuzungumza, unarudisha swichi ndogo ili usiwasikie. Tuliita kufunga sikio, na asiyefunga sikio alifukuzwa siku hiyohiyo.

Imakulata alikuwa amenitangulia kazini na tulilingana umri. Sauti yake ilikuwa ya chini, laini, haina haraka, na Kifaransa alifundishwa na masista. Alipotaja jina la hoteli, ungedhani ni mahali pazuri kuliko pale tulipokuwa tumekaa. Nilimsikiliza kuanzia asubuhi hadi nilipopokewa zamu, na nilipotoka nje nilikuwa tayari nina kijiba cha roho.

Mimi nilizaliwa Biryogo, mtaa wa Waswahili, na baba yangu alikuwa dereva wa malori aliyetoka Tabora. Kifaransa changu cha shule hakikuwa na makosa, lakini kilitembea kwa mwendo wa Kiswahili, kila irabu ikipewa haki yake. Sauti yenyewe ni ya juu, ina mkwaruzo. Utotoni nilipoita wadogo zangu, majirani nao walikuja kuona kuna nini.

"Madmazeli Mwajuma," Shefu aliniambia wiki ya kwanza, "hapa iko hoteli, haiko soko. Mtu amepiga kutoka Ubelgiji, wewe unamuitikia kama unamuuzia nyanya!"

Wageni walishuka mapokezi kuuliza sura ya Imakulata. Mpishi alimpelekea chai ya maziwa yenye tangawizi. Mimi nililetewa chai. Na laiti angekuwa na majivuno, ningepata pa kumshikia. Hakuwa nayo. Alinifundisha kazi kwa moyo mmoja, akanionyesha laini za nje zinazokwaruza na namna ya kumtuliza mgeni anayesubiri Brusseli. Nilimshukuru kwa mdomo, huku ndani naungua.

Basi nikaamua kumwiga. Nyumbani nilijifungia chumbani na kusema maneno yake mpaka mdogo wangu akaniuliza kama nina homa. Nilijifunza kushusha sauti, kuvuta mwisho wa neno, kupumua pale anapopumua. Mwaka ulipogeuka, vita vikiwa vimeanza kule kaskazini na mji umejaa maneno ya wasiwasi, nilikuwa nimeshaiva. Shefu alisimama mlangoni, akanisikiliza na kutikisa kichwa kwa furaha.

"Sasa nina Imakulata wawili," alisema.

Nilifurahi mpaka nilipofikiri alichokisema.

Mchana mmoja mfanyabiashara wa kahawa alitaka simu ya Bujumbura. Laini zilikuwa mbovu. Nilihangaika naye mpaka jasho likanitoka, nikazunguka kwa mitambo ya miji mingine, hatimaye nikampatia mkewe. Kesho yake aliacha mapokezi doti ya kitenge kizuri cha Kongo, cha rangi ya machungwa. Juu yake palikuwa na jina la Imakulata.

Imakulata alinifuata nacho. "Mimi jana sikukuwa kazini," alisema kwa Kiswahili chake cha kubahatisha. "Ni wewe umemusaidia. Twala, chukua, ni kitenge yako."

"Jina ni lako," nikamjibu.

"Lakini kazi iko yako, Mwajuma."

"Nimesema jina ni lako."

Alikishona. Jumapili moja nilimwona amekivaa akitoka kanisani, na kilimkaa hasa. Nililia njia nzima hadi nyumbani. Nilikuwa nimetoa jasho langu kumpamba mtu niliyemwonea wivu, na kadiri nilivyofanya kazi vizuri ndivyo jina lake lilivyozidi kukua.

Kilichonikomesha ni simu ya mama yangu. Nyumbani hatukuwa na simu, na yeye hakuwahi kunipigia kazini. Siku hiyo kitaa cha nje kiliwaka, nikajibu kama nilivyojizoeza. Upande wa pili sauti ikasema kwa woga, "Samahani, madamu. Namuomba binti yangu, Mwajuma."

"Mama, ni mimi," nikasema. Lakini ulimi ulikuwa bado kwenye mwendo wa kuazima, na maneno yakatoka na sauti ile ile laini.

"Usinitanie, madamu. Mwanangu namjua. Mwambie tu baba yake ameanguka, anamwita."

"Mama!"

Alikuwa ameshakata. Baadaye mwenye duka aliyemwazima simu alinieleza kwamba mama alirudisha simu akasema, "Nimempata mwanamke wa Kizungu. Mwanangu hawakunipa."

Niliacha kamba zinaning'inia, Imakulata akakalia kiti changu bila kuuliza, nikakimbia hadi Biryogo. Baba alikuwa amelala, upande mmoja umekufa ganzi, macho yamefumba. Nilipiga magoti. "Baba, nimekuja." Nilisema kwa sauti yangu, ile ya kuita wadogo zangu. Alifumbua macho, akatafuta nilipo, akasema kwa tabu, "Mwajuma." Mama alikaa chini akaanza kulia. Baba aliishi miezi michache tu baada ya hapo.

Niliporudi kazini nilijibu simu kama Mwajuma. Shefu alitoka ofisini mbio.

"Sauti gani hiyo?"

"Yangu, Shefu."

"Ile ingine iko wapi?"

"Ile ni ya Imakulata. Mwenyewe yupo."

Alininyang'anya kiti akanipeleka chumba cha mashuka. Nilikunja mashuka msimu mzima wa mvua, nikimsikia Imakulata kupitia ukuta, na wivu haukupungua hata chembe. Shefu alinirudisha msichana aliyechukua kiti changu alipoacha kazi, kwa sababu hakuwa na mwingine. Wageni wengine walinipenda, hasa wafanyabiashara wa Bujumbura na Mombasa waliofurahi kusikia Kiswahili. Wengi zaidi waliendelea kumuulizia Imakulata. Huo ndio ukweli.

Siku moja nilimkuta sokoni Nyabugogo akibishania bei ya maharage. Alikuwa anapaza sauti kwa Kinyarwanda cha milimani kwao, nene, yenye kicheko ndani yake, wauzaji wanamcheka naye anawacheka. Kumbe hata yeye ile ya hotelini aliivaa kama sare. Ningependa kusema nilipata faraja. Niliona tu kwamba sauti yake ya kweli ilikuwa nzuri kuliko ile ya bandia, nikamwonea wivu upya.

Aliolewa mwaka 1993, akahamia Nairobi na mumewe. Shefu aliniletea msichana mpya. "Mufundishe aseme kama Imakulata," aliniagiza.

"Nitamfundisha kazi, Shefu. Sauti atakuja nayo mwenyewe."

Aliingia ofisini kwake.

Aprili 1994 hoteli ilifungwa. Yaliyoupata mji huu, na wenzangu wa hotelini waliouawa, si ya kutajwa kwa kupita katika kumbukumbu za kazi. Yana mahali pake. Mimi na mama tulipona. Watu walipoanza kurudi kutoka Burundi, Uganda na Tanzania, nilipata kazi ya simu katika kampuni ya malori huko Muhima, nikaifanya hadi nilipostaafu, kwa sauti hii mnayoisikia.

Mnaniuliza kama wivu huisha. Wangu haukuisha. Nilijifunza tu kukaa nao bila kuuachia ulimi wangu. Mara chache hukutana na mzee aliyewahi kulala katika hoteli ile. Uso wake hung'aa, naye huniuliza, "Kulikuwa na dada mmoja kwenye simu, ana sauti, yaani sauti! Ni wewe?"

"Hapana," humwambia. "Mimi nilikuwa yule mwingine."