Maksai Aliyejilaza Chini

Juzi sokoni Shinyanga mtoto alijitupa chini akilia, mama yake akaondoka zake bila kugeuka. Watu walimlaumu mama huyo. Mimi nilicheka, nikamkumbuka Mawingu, maksai niliyemlea tangu akiwa ndama.

Baba alikuwa akifundisha maksai kulima kwa plau. Alasiri moja nikiwa msichana mdogo, nyumbani Samuye, alimfunga Mawingu nira moja na maksai wetu mzee. Hawakufika mbali, Mawingu akaanguka puu, ulimi nje, povu linamtoka. Vumbi lilinuka samadi. Nikajua amekufa.

"Baba, umemuua!"

"Nyamaza, mama," alinijibu, akafungua nira na kumwongoza yule maksai mzee taratibu kuelekea zizini. Nilidhani anaona aibu kunitazama. Nikamkumbatia Mawingu shingoni, nikalia mpaka kamasi zikaniingia mdomoni. Sikujua bado kwamba ng'ombe huogopa zaidi kuachwa peke yake kuliko anavyoogopa fimbo.

Kengele iliyokuwa shingoni mwa yule maksai mzee ilipoanza kufifia, ile shingo ikatikisika. Mawingu alisimama, akanibwaga kando kama gunia, akakimbia kumfuata mwenzake.

Nilibaki nimelala vumbini, nikicheka na kulia. Kisha nikaona baba naye anatokomea, nikainuka mbio.