Namba Kumi na Saba ya Mwanaheri

Mwanaheri wa Mbagala alishona makava ya magodoro miaka kumi na minne, na mdomo wake haukuwahi kuomba likizo. Siku msimamizi alipomwamuru ashone kwa mashine iliyong'olewa kinga ya sindano, alimjibu, "Vidole hivi nilikuja navyo, braza, na nitaondoka navyo." Wakamfukuza kazi.

Akapeleka shauri Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, akashinda. Tuzo, yaani uamuzi wa Tume, ikasema arudishwe kazini, kwenye nafasi yake ileile. Loo, siku hiyo alitembea kwa madaha! Kufika getini na karatasi yake mkononi, akakuta bango jipya. Kiwanda kimeuzwa.

"Tuzo hii inamhusu mwenye kiwanda wa zamani," meneja mpya akamwambia, hata kiti hakumpa. "Sie tumeanza upya, na utaratibu mpya. Wewe hatukujui, mama."

Hatukujui! Miaka kumi na minne, halafu mtu wa jana anasema hatukujui! Hilo lilimchoma kuliko kufukuzwa kwenyewe.

Didas wa chama cha wafanyakazi akamweleza kwamba Mahakama ya Kazi inaweza kumbana mwajiri aliyechukua kiwanda, ila lazima ionekane kazi ni ileile, kilichobadilika ni jina tu. "Una ushahidi, dada?"

Mwanaheri akafikiri, kisha akaangua kicheko. "Ninao. Watu wanaulalia."

Kiwandani pale kila mshonaji ana namba yake, iliyoandikwa kwenye kitambaa kidogo anachokishonea ndani ya pindo la kava. Na washonaji wana mila yao: namba haipewi mtu mwingine mpaka mwenyewe aage. Mwanaheri alikuwa kumi na saba, na hakuwa amemuaga mtu.

Basi akaingia nyumba kwa nyumba kuvua magodoro ya watu makava. Jirani yake Hamida akaja juu. "We una wazimu? Godoro la mwanangu hata mwezi halijamaliza!"

"Hilohilo ndilo ninalolitaka, shoga. Jipya."

Mbele ya msajili wa mahakama meneja akarudia yaleyale: kampuni mpya, kila kitu kipya. Mwanaheri akatandaza makava mezani, akaeleza mila ya namba. Ya zamani yalikuwa na kumi na tano, kumi na sita, kumi na saba, kumi na nane. Yenye jina jipya yalikuwa na kumi na tano, kumi na sita, kumi na nane. Kumi na sita ni Demetria, aliyeanza naye kazi. Mshono wake ulipinda kwenye kona tangu enzi hizo, na kwenye kava jipya umepinda vilevile.

"Kama mmeanza upya," msajili akamuuliza meneja, "kumi na saba yenu iko wapi?"

Meneja akaanza kuyapekua makava mapya.

"Niko hapa, mheshimiwa," Mwanaheri akasema.

Amri ikatoka kampuni mpya itekeleze tuzo. Jumatatu alipoingia ukumbi wa washonaji, Demetria alikuwa ameshamfutia kiti vumbi, na vigelegele vikapigwa. Hakuketi. Aliinama kwanza kuitazama sindano, akaona kinga imefungwa, mpya kabisa. Ndipo akaketi.

Meneja akapita karibu yake, akajikohoza. "Karibu tena, Mama Mwanaheri."

"Ahaa," akasema, "kumbe unanijua." Akakanyaga mashine.