Ile Simu Sikupiga Fungurume

Mi njo mwenye makosa. Haiko agence, haiko ule kijana wa ku video. Ni mi! Na paka leo, simu ikilia, naiacha ilie kwanza, kisha naipokea.

Niko mama wa biashara hapa Kolwezi. Ku duka yangu nauzisha bitu bya ba-creuseur, bale bachimbaji ba mukono: torche ya kichwa, kamba, buti, na cache-nez ya kitambaa, ya kufunika pua na mudomo. Ile cache-nez inazuia vumbi, basi. Haina kazi ingine.

Jirani akafungua duka kubwa kupita yangu, na bateja bangu bakaanza kunipita bila hata salamu. Nikasikia kuko agence moya ya Lubumbashi yenye kutafutia bafanyabiashara ba-influenceur, bale bantu benye kufuatwa na bengi ku simu. Nikabaandikia. Bakanitumia video za ushuhuda za bateja babo. Mama we, ule utamu! Tata wa quincaillerie, duka ya misumari na mabati, anasema balimufungulia njia. Mama mumoja wa Fungurume, mwenye kuuzisha mafuta ya ngozi, analia kwa furaha. Machozi kweli kweli! Yale machozi njo ilinimaliza.

Bwana yangu anaendesha ma-camion, malori makubwa, hana maneno mingi. Aliangalia zile video zote, akanirudishia simu.

"Bote banasifu," akasema. "Lakini balibafanyia nini? Balisema nini juu ya bitu byabo? Hakuna mwenye anaeleza. Huyu mama wa Fungurume haiko mbali. Mupigie, umuulize yeye mwenyewe."

"Nitamupigia."

Namba yake niliipata ile siku ile ile, kwa dada mumoja wa soko. Nikaiweka mu simu. Sikupiga. Niliogopa atanivunja moyo! Wakati bwana yangu aliniuliza, nikamujibu bila kupepesa macho:

"Nilimupigia. Anabasifu sana."

Na mi ni mwanamuke wa kusali!

Agence ikatuma kijana mumoja mwenye kuchekesha bantu. Alivaa cache-nez yangu, akainamia moshi ya pikipiki, akavuta pumzi, akainuka anacheza. Akasema: "Na hii, hata hewa mubaya ya mu shimo haikuwezi!"

Balinitumia video niiangalie kwanza. Nilijua ni uongo. Lakini nikawaza: ni mucheko tu, nani atasadiki? Nikajibu: "Iko muzuri, muitangaze."

Bakasadiki! Toka machimbo ya Mashamba paka ya Kingamyambo bijana banaonyeshana ile video. Duka ikajaa. Hakuna mwenye aliniuliza kama ni kweli, na mi sikufungua mudomo.

Asubuhi moya tata mumoja, chef wa équipe, mukubwa wa kundi ya bachimbaji, akaingia mbio, udongo paka ku magoti.

"Mama, ile cache-nez yako, mu hewa mubaya muntu anaweza kukaa nayo saa ngapi?"

"Hewa gani, Tata?"

"Ya mu shimo ya zamani. Tuliiacha sababu hewa yake inaua. Bijana bangu babili bameshuka, banasema baliona ku video. Tunabaita, habaitike!"

Yaba! Nikamushika mukono: "Haiwezi, Tata! Haiwezi hata kidogo! Ni ya vumbi!"

Aliniangalia. Aligeuka, akakimbia.

Nikamuita bwana yangu, akanibeba na pikipiki. Kule ku shimo bengine balikuwa banasukuma hewa na mashine, bengine banavuta kamba. Mama mumoja alikuwa anaita jina ya mutoto wake, anaita, anaita. Na muone ubaya wangu: batoto ba bantu beko chini, na mi naogopa bakijua ni nani alibauzishia! Nikajificha nyuma ya bwana yangu.

Wa kwanza akatoka anatapika. Wa pili akatoka amelegea sawa nguo yenye kulowana, cache-nez yangu ingali ku mudomo. Chef akaichomoa, akaitupa. Tukangoja. Mungu wangu, tulingoja! Kisha akakohoa.

Alhamdulillahi, bote babili ni bazima. Lakini ule wa pili, paka sasa mukono haishike kijiko muzuri, na maneno inamupotea katikati. Mama yake nilimuendea, nikapiga magoti, nikamwambia yote. Alifunga mulango. Haki yake.

Bwana yangu naye nilimwambia sikupiga simu. Hakupandisha sauti. Lakini sasa nikisema mutoto wetu ameshakula, anaenda kumuuliza mutoto.

Njo pale nikamupigia ule mama wa Fungurume. Nikamutajia ushuhuda yake. Akaanza neno, akaiacha.

"Mwana yangu, balinirekodi ile video ku mwanzo, nafurahi bateja bamekuwa bengi. Nyuma nikasikia balitangaza mafuta yangu inaponyesha bidonda. Bantu baliungua ngozi! Nilibaomba baitoe, balikataa. Nikasema, leka, mwenye kutaka kujua atanipigia." Akapumua. "Weye njo wa kwanza."

Haikupita muda, agence wenyewe bakanipigia simu. "Mama, félicitations, hongera! Duka imejaa! Tufanyie kavideo kadogo ka ushuhuda." Nikapiga kelele, nikabaambia bafute video yangu. Bakasema imeshatembea, bantu beko nayo mu masimu yabo.

Ndugu zangu ba biashara, ushuhuda inakuonyesha siku moya tu, ile ya kucheka. Tafuta mwenyewe, umupigie. Muulize balisema nini kwa jina yake, na nini ilifuata nyuma. Akisitasita, sikiliza kule kusita!

Na weye kijana mwenye uko nasoma hii mbele ya kushuka: ile video ni uongo. Mi njo nilisema itangazwe. Kile kitambaa hakitakupa hewa. Nakuomba, usishuke!