Ubao Niliouficha Chini ya Mahindi

Harufu ya tapentaini hunirudisha Lushoto hata nikiwa katikati ya shughuli zangu. Juzi hapa Morogoro jirani yangu alikuwa anapaka rangi mlango wake, nami nikaganda uani na ndoo ya maji mkononi. Akaniuliza kama naumwa. Nikamwambia siumwi. Nilikuwa nimemkumbuka baba yangu tu, na ile harufu aliyokuwa akiingia nayo nyumbani.

Tulimwita Tate, kama watoto wengi wa Kishambaa wanavyowaita baba zao. Baba za wenzangu walilima kabichi na karoti, au walipasua mbao kule Shume. Wangu alichora milima. Alizunguka nchi na begi la turubai, akichora kwa rangi za maji kila alipofika. Kisha, popote alipopata meza, aliichonga picha ile kwenye ubao kwa patasi ndogo ndogo, akaupaka ubao wino wa mafuta, ule unaotoka kwa tapentaini tu, akalaza karatasi juu yake na kuisugua kwa mgongo wa kijiko. Alipoibandua karatasi, mlima ulikuwa umehamia pale. Kijiko chenyewe kilikuwa cha mama, na mama hakuwahi kumsamehe kwa hilo.

Alikuja nyumbani mara mbili au tatu kwa mwaka. Alikaa siku chache, akaondoka tena kupeleka picha kwa waliomwagiza. Asubuhi ya siku ya tatu mama alikuwa akimwambia, "Mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe," na kweli alimkabidhi jembe. Tate alicheka, akalipokea. Alilima vibaya mno. Matuta yake yalipinda kama njia ya nyoka, naye akasema yanafuata mlima.

Nilipokuwa darasa la tano alirudi mwezi wa Juni, wakati wa baridi kali, ukungu ukiingia hadi jikoni. Safari hiyo alikuwa anachonga milima yetu wenyewe, inavyoonekana ukipanda barabara kutoka Soni. Picha iliagizwa na mwenye hoteli mmoja wa Moshi, naye alitaka milima mitupu, bila nyumba wala watu. "Anasema watu wanaharibu mandhari," Tate alituambia, na mama akaguna.

Kufikia Jumatano ubao ulikuwa tayari. Kona ya chini tu ndiyo haikuguswa na patasi, ili kwenye karatasi itoke nyeusi kama msitu. Alhamisi alfajiri Tate angepanda basi kwenda Moshi.

"Utarudi lini, Tate?" nilimuuliza.

"Mungu akipenda, Krismasi."

Nilihesabu miezi kwa vidole, nikamaliza mkono mmoja na kuingia wa pili. Nilikuwa na miaka kumi na moja, na akili yangu iliniambia kitu rahisi: bila ubao, hakuna safari. Mchana ule Tate alikwenda kumsalimia dada yake, mama akiwa shambani. Niliuzungushia ubao kitenge kikuukuu, nikapanda darini juu ya meko, mahali tulipokaushia mahindi kwa moshi, nikaufukia huko ndani kabisa. Niliteremka nikikohoa, macho yakinitoka machozi.

Jioni Tate akaanza kuutafuta.

"Edina, hujauona ubao wangu?"

"Sijauona, Tate," nilijibu, nikiangalia vidole vyake vya miguu.

Hakuniuliza mara ya pili. Alitoka uani, akakaa huko kwa muda, na aliporudi alisema kwa upole, "Haya. Tutautafuta wote."

Alhamisi basi likateremka Mombo bila yeye.

Zikafuata siku sita ambazo sijapata nyingine kama hizo. Tulitafuta chini ya vitanda, tukatafuta bandani mwa kuku, na Tate akamhoji jogoo kwa ukali kama hakimu hadi nikacheka nikasahau kwamba mwizi ni mimi. Jumapili tulikwenda kanisani watatu, mimi katikati, naye akaimba sauti ya nne bila kuipata hata mara moja. Nikitoka shule nilikimbia njia nzima, nikihofia kukuta ameondoka. Nilimkuta jikoni, karibu na moto, akimenya maharage na mama. Siku moja alikuwa na vumbi la mbao magotini. Nikadhani anamchongea mama mwiko.

Siku ya sita ikaja barua kutoka Moshi. Tate aliisoma amesimama, akaikunja, akamwambia mama kwamba mwenye hoteli amechoka kungoja na amempa kazi mchoraji mwingine. Nilitaka kusema ukweli, lakini Tate alikuwa ameshaanza kufunga begi. Kulikuwa na mtu Iringa aliyetaka picha za kwao.

Asubuhi tulimsindikiza hadi barabarani. Alinifuta kamasi kwa kiganja chake, akasema, "Msaidie mama yako. Na yale mahindi ya darini, uyaangalieangalie. Panya ni wengi."

Basi lilipopotea kwenye kona nilikimbia nyumbani, nikapanda darini, nikauchimbua ubao. Ile kona ya chini haikuwa msitu tena. Ilikuwa imechongwa nyumba, na mbele ya nyumba mwanamke, msichana, na mwanamume aliyewashika mikono. Nilichana karatasi ya daftari, nikailaza juu, nikaisugua kwa mkaa kama tulivyofanya na sarafu shuleni. Wakatoka wote watatu. Tate hakuwa na begi.

Sikufurahi. Niliogopa. Nilijua kwamba anajua, na hadi Krismasi nilingoja fimbo. Alipokuja aliniletea sweta, na habari za ubao hakuzigusa. Mimi nami sikuzigusa, mwaka ule wala miaka iliyofuata, ingawa nilipokua nilijiambia mara nyingi kwamba safari hii nitamwomba msamaha kwa kumkosesha kazi ile. Alifariki nikiwa chuoni, kabla sijaomba.

Baada ya mazishi, wageni walipokwisha kuondoka, nilimwambia mama yote. Alikuwa anachambua mchele, na hakuinua uso.

"Mimi niliuona jioni ile ile," alisema. "Nilipanda kuchukua mahindi. Nikampelekea uani, nikamwambia, 'Baba Edina, ubao huu hapa, mtoto kauficha. Basi ni kesho, utaliwahi.' Akaushika, akauangalia weee. Halafu akaniambia, 'Urudishe ulikoutoa.'"

"Kwa hiyo alikuwa anachonga nikiwa shule?"

"Kila siku. Ukikaribia kurudi, tunauficha."

"Mbona hamkuniambia, mama?"

"Tungekuambia, ungeuficha kila mwaka."

Tukacheka, kisha tukalia kidogo. Nilipotulia nikamuuliza kama na yeye alitaka abaki. Mama akapuliza makapi kwenye ungo.

"Ulidhani ni nani aliyepanda nao tena darini, na mgongo huu?"

Miaka mingi niliamini kwamba zile siku sita nilimwibia baba yangu. Sasa najua alinipa, na kwamba mama alizitaka kama nilivyozitaka mimi. Ninachotamani ni kitu kidogo kuliko msamaha. Natamani kurudi jikoni mle, sisi watatu tukiota moto, kila mmoja akijua ubao uko wapi, na mmoja wetu, yeyote yule, afungue mdomo amwambie Tate, "Baki." Hakuna aliyemwambia. Naye, nadhani, alikuwa akingoja kuambiwa.